Duniani Wawili Wawili

Filamu za ngono zinazotengenezwa na kuuzwa kwa kificho zina aibu nyingine ambayo haisemwi sana: majina ya waigizaji wake hayaaminiki. Aghalabu mwigizaji mmoja hutumia majina ya bandia kadhaa, na jina moja huvaliwa na watu mbalimbali. Mwuzaji naye hubandika jina lolote litakalomvutia mnunuzi. Ndiyo maana Marekani, kwa sheria ya 1988, iliwalazimisha watengenezaji kuweka kumbukumbu za jina halisi, majina ya bandia na tarehe ya kuzaliwa ya kila mwigizaji. Filamu zilizotangulia sheria hiyo, pamoja na zile za kificho zisizoijali, zimebaki na ubishi usiokwisha.

Ubishi huo ungalikuwa mbali nasi kama simu ya mkononi isingaliuleta hadi Madimba, Msimbati na visiwani. Picha chafu hupita mkono kwa mkono, na mtumaji huongeza neno: huyu ni binti wa fulani. Katika kijiji ambako kila mtu anamjua mwenzake, neno hilo latosha kuvunja ndoa na kumhamisha mtoto wa watu kwao.

Wapo wasemao kwamba lisemwalo lipo. Lakini wahenga hao hao walisema duniani wawili wawili. Sura iliyofanana si ushahidi, na watu kumi waliosikia kwa mmoja ni shahidi mmoja tu. Ushahidi ni mkataba, kumbukumbu za mtengenezaji, au kauli ya mhusika aliyoitoa kwa hiari yake. Hivyo vikikosekana, jibu la haki ni moja: hajulikani.

Kwa hiyo tunawaomba viongozi wa vijiji, watendaji wa kata na polisi wasimwite mtu yeyote barazani kwa uvumi wa picha. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inamhusu anayesambaza picha za ngono, na pia anayetangaza habari anazojua kuwa ni za uongo. Huyo ndiye wa kuulizwa kwanza.

Nasi wananchi, wa bara na wa visiwani, picha ya namna hiyo ikitufikia tusiipeleke mbele, wala tusiipe jina. Hata kama aliyemo anajulikana kweli, hakutupa ruhusa ya kumtangaza.