Mzazi Hakudekezwa, Aliachiwa Sufuria

Mwandishi mmoja amedai kuwa elimu bila ada imewadekeza wazazi, ndiyo maana hawachangii chakula cha wanafunzi. Hoja hiyo inaonekana nzito mpaka uisome sera yenyewe.

Waraka wa Elimu Namba 5 wa 2015 uliondoa ada. Kwa sekondari za kutwa ilikuwa shilingi 20,000 kwa mwaka. Sare, madaftari na chakula cha mwanafunzi wa kutwa viliachwa kwa mzazi. Ruzuku ya shule ya msingi, iliyopangwa kuwa shilingi 10,000 kwa mtoto kwa mwaka, ni ya vitabu, chaki na ukarabati. Nani basi amedekezwa?

Njoo Yakobi, Njombe. Shule hufunguliwa Januari, mahindi yakiwa bado machanga shambani na pesa imeishia kwenye mbolea. Hapo ndipo mzazi anadaiwa debe la mahindi, maharage na hela ya mpishi. Mdai debe hilohilo baada ya mavuno, uone kama atakukwepa.

Wala tusijifariji kwamba Njombe ina chakula tele. Utafiti wa kitaifa wa afya wa 2022 ulikuta takribani nusu ya watoto wa mkoa huu walio chini ya miaka 5 wamedumaa. Mtoto akishinda na njaa hadi alasiri, hesabu haziingii.

Michango ifuate msimu, mapato na matumizi yasomwe mbele ya wazazi, na serikali itenge fungu la chakula shuleni. Kumsimanga mzazi hakuivishi uji.