Kula bata na watoto si lazima Dubai, Katavi ipo!

Staa mmoja wa Bongo akiposti watoto wake wakila bata Dubai, huku Mpanda baba kijana anaanza kuwaza kukopa, naye asionekane kashindwa. Jamani! Mkopo wa picha mwisho wa siku unalipwa na ada ya mtoto.

Hifadhi ya Taifa ya Katavi, iliyoanzishwa mwaka 1974, ipo mlangoni kwake. Mpanda mjini hadi Sitalike ni kama kilomita 40 tu. Wikiendi moja inatosha: Jumamosi hifadhini, kulala Sitalike, Jumapili nyumbani. Wakienda kiangazi, Juni hadi Oktoba, Mto Katuma unakauka na viboko wanabanana kwenye madimbwi kama abiria wa daladala. Gari wachange na familia nyingine, msosi wabebe. Nguo nyeusi na za bluu ziachwe, mbung'o wanazifuata hizo.

Mtoto hatakumbuka posti ilipata laiki ngapi. Atakumbuka kiboko akipiga mwayo na baba akiwa pembeni yake, hana stresi ya deni.

Wadau mnasemaje, bata la mkopo au Katavi? Tiririka hapo chini.