Kaseti za zamani katika mashine mpya

Kila mwaka, minada ya korosho ya RUNALI inapoanza na fedha za msimu kuwafikia wakulima wa Ruangwa, Nachingwea na Liwale, maswali yanayoletwa katika ukurasa huu hubadilika sura. Habari za ada na sare hupungua, zikaja za vitu: pikipiki, simu, runinga, na safari hii mashine za gemu za mkononi. Tumepokea maswali mawili yaliyofanana kwa nje, nayo kwa ndani ni mbalimbali. Baba mmoja wa Nachingwea anatueleza kwamba shemeji yake aliyeko Muscat yumo njiani kuja likizo na ameahidi kuwaletea watoto mashine ya mkononi. Nyumbani zipo kaseti saba za Game Boy alizozinunua zamani alipokuwa akifanya kazi Dar es Salaam, na mashine yake ilikwisha kufa. Je, kaseti hizo zitasoma katika mashine mpya, au azigawe? Swali la pili limetoka kwa mama wa Ruangwa, nalo ni zito zaidi. Tutalifikia.

Huenda wapo wasomaji watakaoshangaa kwamba tunalipa jambo hili ukurasa mzima. Sisi tunaona linastahili. Mtoto wa leo asipopewa mchezo huutafuta mwenyewe katika simu ya mama yake, na michezo ya simu haiji peke yake: huja na matangazo ya kamari, huja na maongezi ya watu asiowajua, na kila baada ya hatua chache humtaka alipe ili aendelee. Kaseti ya zamani haina mlango wowote wa kutokea nje. Ukiinunua umeinunua, na kilichomo leo ndicho kitakachokuwamo mwakani, kwa hiyo mzazi anaweza kukaa nayo jioni moja akaijua yote. Tena ina kitufe cha kusimamisha. Muadhini akiadhini, mtoto anabonyeza, anaiweka chini, anakwenda kutawadha, na akirudi anaikuta pale pale alipoiacha. Michezo mingi ya mtandaoni haimngoji mtu, na hapo ndipo ugomvi wa Magharibi unapoanza katika nyumba nyingi.

Sasa tuje kwenye swali la baba. Game Boy ya kwanza ilitolewa na kampuni ya Nintendo ya mjini Kyoto, Japani, mwaka 1989. Ilikuwa na kioo kisicho na rangi wala taa, ikila betri nne ndogo za kawaida, na katika nchi nyingi iliuzwa pamoja na Tetris, ule mchezo wa matofali yanayoshuka uliobuniwa Moscow mwaka 1984 na Alexey Pajitnov. Wasomaji waliowahi kushika vile vimashine vya bei nafuu vya matofali wanaufahamu mchezo huo hata kama jina hawalijui. Mwaka 1998 ikaja Game Boy Color, na hapo watengenezaji walifanya jambo la busara: mashine mpya ikakubali kaseti za zamani, ikizipaka rangi chache za kuazima. Mwaka 2001 ikaja Game Boy Advance, yenye ubongo mpya kabisa wenye nguvu zaidi. Hata hivyo ubongo wa zamani haukutupwa. Uliachwa humo humo ndani, kando ya ule mpya.

Namna mashine hiyo inavyotambua imepewa nini ni jambo la kupendeza. Kaseti ya Advance ni fupi, karibu nusu ya ile ya zamani, na umbo la pembe zake si sawa. Ndani ya tundu la mashine mna swichi ndogo. Ikichomekwa kaseti ya zamani, umbo lake huibonyeza swichi hiyo, na mashine huamka kwa ubongo wa zamani na kutoa umeme wa volti 5 ambao kaseti hizo zinauhitaji. Ikichomekwa ya Advance, swichi haiguswi, na umeme unaotoka ni wa volti 3.3. Mtoto haoni lolote katika hayo. Yeye anaona mchezo umewaka.

Taabu ilianza mwaka 2004, ilipotoka Nintendo DS, ile yenye vioo viwili. Hiyo ina matundu mawili: la juu kwa kadi zake ndogo, la chini kwa kaseti za Advance. Lakini ubongo wa Game Boy ya kwanza haumo tena, kwa hiyo kaseti za Game Boy na za Color hazisomi humo hata ukizisukuma kwa nyundo. DS Lite ya mwaka 2006 ni hivyo hivyo. DSi iliyofuata mwaka 2008 iliondolewa kabisa tundu la chini. Mashine ya 3DS ya mwaka 2011 inasoma kadi za DS, na kaseti za Advance haina pa kuziweka. Ipo pia Game Boy Micro ya mwaka 2005, nzuri sana kwa macho na nyepesi mfukoni, ambayo licha ya jina lake inakubali kaseti za Advance peke yake. Switch ya mwaka 2017 haina uhusiano wowote na kaseti hizo.

Wazee wa Nachingwea hawahitaji kufundishwa nasi hasara ya kuleta mtambo kabla ya kuuliza utakakofanyia kazi. Mpango wa karanga wa Waingereza ulioanza mwaka 1947 uliwaletea matrekta na hata reli kutoka pwani, ukafutwa mwaka 1951, na reli yenyewe ikaja kung'olewa katika miaka ya 1960.

Kwa hiyo ndugu yetu azitazame kaseti zake kwanza, kisha ampigie shemeji simu kabla hajanunua chochote. Kwa kawaida, kaseti ya kijivu ni ya Game Boy ya kwanza; nyeusi hutumika katika Game Boy na katika Color; inayoonyesha ndani ni ya Color, na katika Game Boy ya kwanza haichezi. Zote tatu zinasoma katika Advance. Sisi tungependelea Advance SP, iliyotoka mwaka 2003. Inakunjwa kama kitabu, kwa hiyo kioo chake hakikwaruzwi na mchanga, ina taa, na betri yake inachajiwa, jambo kubwa kwa nyumba iliyochoka kununua betri kila wiki. Jingine ambalo wauzaji hawalisemi: ndugu wawili wakitaka kucheza pamoja kwa waya, Advance na SP zina tundu la waya huo, na DS haina, hata ikiwa inasoma kaseti ile ile.

Ipo pia mashine mpya kabisa, Analogue Pocket ya kampuni ya Marekani, iliyotoka mwaka 2021, inayosoma kaseti za Game Boy, Color na Advance zote kwa kioo cha kisasa. Bei yake ni zaidi ya dola 200 za Kimarekani, na sisi hatumshauri mtu auze gunia la korosho kwa ajili yake. Vile vimashine vya sokoni vinavyotangazwa kuwa na michezo mia nne ndani ni jambo jingine. Vingi havina tundu la kaseti, michezo yake kwa kawaida imenakiliwa bila ruhusa ya wenyewe, kinyume cha Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na mzazi hana njia ya kuipitia yote mia nne ajue watoto wanatazama nini.

Mama yetu wa Ruangwa alifiwa na mwanawe mkubwa miaka miwili iliyopita. Mwenyezi Mungu amrehemu. Aliacha mashine iliyovunjika kioo na kaseti moja ya mchezo wa kulima shamba, ambamo aliandika jina lake na kulima kwa miezi mingi. Wadogo zake wawili wamepata mashine nzima na wanaitaka kaseti hiyo. Fundi wa simu amemwambia mama kwamba ndani mna betri iliyozeeka, na yuko tayari kuibadilisha. Mama anauliza kama shamba la mwanawe litakuwamo bado.

Jibu letu la kwanza, mama, ni kwamba usimpe fundi kwanza. Shamba hilo halikuwamo katika mashine iliyovunjika; limo ndani ya kaseti yenyewe. Kuihamisha kutoka mashine hii kwenda ile hakufuti kitu. Kinachoweza kulifuta ni mambo mawili. La kwanza ni betri. Kaseti nyingi za zamani zinazohifadhi safari ya mchezaji zina betri bapa mfano wa kitufe, ya volti 3, iliyochomelewa ndani, na kumbukumbu hukaa hai kwa umeme wa betri hiyo tu. Nyingine hudumu zaidi ya miaka ishirini, nyingine huishia njiani, na betri ikitolewa, hata kwa nia njema, kumbukumbu yote hupotea papo hapo. Vipo vifaa vidogo vinavyounganisha kaseti na kompyuta na kuinakili kumbukumbu hiyo; ikisha nakiliwa, betri hubadilishwa na kumbukumbu hurudishwa mahali pake. Fundi asiye na kifaa hicho hana ruhusa ya kuifungua. Muulize wazi, na akijibu kwa kuzungukazunguka, ondoka nayo. Kaseti nyingi za Advance huhifadhi kwa njia isiyohitaji betri, ila hii ya kwenu, kwa jinsi ulivyoieleza umbo lake, ni ya zile ndefu za zamani.

Jambo la pili ni wale wadogo wenyewe. Michezo ya namna hiyo huwa na nafasi moja au mbili tu za kuhifadhi. Mtoto akianza shamba jipya na kulihifadhi juu ya la kaka yake, la kaka limekwenda, na hakuna fundi wa kulirudisha. Kaa nao, uwashe mashine wewe, uwaonyeshe jina linapotokea, na uwaambie wasihifadhi kitu hapo mpaka nakala ipatikane. Kama wana kaseti nyingine, wacheze hiyo. Wala wasiseme ni haki yao: mali ya marehemu, hata ikiwa ni kipande cha plastiki, ni ya warithi wake, na baba akiwa hai ndugu hawarithi. Ninyi wazazi ndio wenye kauli. Ukitaka kuifungia sandukuni, hakuna wa kukulaumu. Lakini sandukuni betri inaendelea kuzeeka, na ndiyo maana tunakuhimiza utafute kwanza wa kukunakilia.

Kwa wanaonunua kaseti za mkononi: za bandia zimejaa kila mahali, na kasoro yake kubwa ni kwamba nyingi hazihifadhi, ukizima umerudi mwanzo. Ijaribu mbele ya muuzaji, hifadhi, zima, washa tena. Muuzaji anayejua aibu ya bidhaa yake ni wajibu wake kuitaja, na aliyeficha, mnunuzi ana khiyari ya kurudisha. Kaseti isiyosoma isipulizwe kwa mdomo kama vijana wanavyofanya, kwa sababu unyevu wa pumzi huzitia kutu zile shaba. Chovya kijiti cha pamba katika spiriti, futa, iache ikauke.

Na chaja. Mashine nyingi za mitumba hutoka Japani, na chaja za soko la huko zimeandikwa volti 100. Umeme wetu ni volti 230, na chaja hiyo itaungua siku ya kwanza. Soma maandishi yake kabla ya kuichomeka. Kwa shemeji aliyeko Muscat shida hiyo ni ndogo, maana umeme wa Oman ni volti 240 na plagi yao ni ile ile ya miguu mitatu bapa tunayoitumia hapa. Anunue ya huko huko, aulizie SP, na akionyeshwa Micro aiache dukani.