Masizi Tunayo, Subira Hatuna

Vijana wenzangu wa kalamu, leo simumunyi maneno. Tunajiita waandishi chipukizi, lakini wengi wetu tuna kiu ya jina, si ya kazi.

Mwezi uliopita, hapa Mbeya, niliwaonyesha wenzangu karatasi nilizojaza herufi moja ya Kijapani. "Sasa hayo ndiyo mambo gani, kaka?" mmoja akaniuliza. "Riwaya iko wapi? Au umehamia Tokyo?" Wakaangua kicheko. Nilinyamaza. Leo nawajibu.

Nilipokuwa kidato cha tatu Iringa, mwalimu wa kujitolea kutoka Japani alituonyesha sanaa iitwayo shodo, yaani njia ya maandishi. Hakuanza na brashi. Aliketi wima, akasugua kipande cha wino mkavu na maji juu ya jiwe, taratibu, kimya, mpaka darasa zima likatulia. Kisha akaandika herufi yenye maana ya "milele", ambayo wanafunzi wa kwao huirudia rudia kwa kuwa ina mipigo minane ya msingi. Mpigo mmoja ukapinda. Hakuugusa tena, kwao kurekebisha juu yake ni mwiko. Alichukua karatasi nyingine, akaanza upya.

Sisi je? Usiku tunachapa sura kwenye simu, asubuhi tumeirusha kwa marafiki, jioni tunalalamika ati wachapishaji wanatubania. Hata mimi nimo. Tangu nimalize kidato cha nne nimeanza riwaya nne, sijamaliza hata moja. Nitamlaumuje mchapishaji kwa kitabu ambacho hakipo?

Mtasema ya Wajapani hayatuhusu. Haya, twendeni Lamu. Muhamadi Kijuma, aliyefariki mwaka 1945, alikuwa mshairi, mchonga mbao na bingwa wa hati. Alinakili tenzi za kale kwa herufi za Kiarabu, ubeti kwa ubeti, na miswada ya mkono wake imehifadhiwa London hadi leo. Bila mikono kama ile, tungebaki na tenzi ngapi? Na hapa hapa Mwanjelwa, mtazameni fundi wa vibao anapoandika jina la duka: hushika pumzi mpaka herufi iishe. Nani kati yetu amewahi kushika pumzi kwa ajili ya sentensi?

Wengine kisingizio chao ni vifaa. Jamani, wino wa Kijapani asili yake ni masizi na gundi ya wanyama. Masizi yamejaa chini ya masufuria ya mama zetu! Tulichokosa ni subira ya kukaa.

Siku hizi, kila alfajiri, baridi ya Mbeya ikiniuma vidole, napiga mipigo yangu minane, halafu nanakili upya kwa mkono ukurasa mmoja wa riwaya ya tano. Sentensi nikiona uvivu kuinakili, najua haifai, naitupa. Nimefika ukurasa wa 61.

Anayetaka kucheka na acheke, ila aje na muswada wake mkononi.