Mwana wa Seremala wa Budalangi

Mkaaji wa Mulanda, katika wilaya ya Tororo, akivuka mpaka pale Busia na kushika njia ya kusini hadi Port Victoria, ufuoni mwa ziwa, hukuta muhogo ukianikwa nyuani kama kwao. Ni rahisi kudhani kwamba zao hilo lilikuwapo tangu enzi za mababu. Sivyo. Muhogo asili yake ni Amerika ya Kusini. Wareno ndio walioufikisha Afrika, na si kila mahali ulipokewa kwa mikono miwili.

Katika nchi hiyo ya Budalangi, ambako mto Nzoia hufurika mara kwa mara, alizaliwa Calestous Juma tarehe 9 Juni 1953. Baba yake alikuwa seremala. Mafuriko yalipoangamiza mazao, seremala huyo alishikilia kwamba watu wapande muhogo. Wakuu wa serikali ya kikoloni walipinga, wakidai kuwa ungeharibu udongo. Baadaye upinzani ulififia, na muhogo ukawa chakula cha kila siku. Hivyo Juma alitoka katika nyumba iliyojua gharama ya kuleta jambo jipya.

Juma alianza kazi kwa kufundisha shule ya msingi mjini Mombasa, kisha akawa mwandishi wa habari za sayansi na mazingira katika gazeti la Daily Nation. Alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Sussex, Uingereza, mwaka 1987. Mwaka uliofuata alianzisha jijini Nairobi kituo cha Afrika cha uchunguzi wa teknolojia, kijulikanacho kwa kifupi kama ACTS. Baadaye aliongoza ofisi ya Mkataba wa Kimataifa wa Uhai Anuwai, kisha akawa profesa katika Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani.

Vitabu vyake ni matunda ya safari hiyo. The Gene Hunters, cha mwaka 1989, kilieleza jinsi mataifa yanavyogombea mbegu za mimea. The New Harvest, cha mwaka 2011, kilitetea kwamba Afrika yaweza kujilisha yenyewe. Cha mwisho, Innovation and Its Enemies, kilitoka mwaka 2016. Humo msomaji huona kahawa ikipigwa marufuku Makka mwaka 1511. Huwaona wanamuziki wa Marekani wakigoma kurekodi sahani za santuri mwaka 1942. Na humwona Edison, bingwa wa umeme, akiutangaza umeme wa washindani wake kuwa ni mauti.

Fundisho lake ni zito. Watu hawakatai mapya kwa ujinga tu. Hukataa wanapoona kwamba hasara itawafikia wao leo, na faida itawafikia wengine kesho. Kwa hiyo anayeleta jambo jipya asianze kwa kubeza, bali aanze kwa kuuliza: ni nani atakayeumia?

Fundisho hilo lina mahali pake mpakani. Katika miaka ya 1990 ugonjwa wa batobato uliteketeza mihogo ya mashariki ya Uganda, ukaingia magharibi ya Kenya. Wataalamu walitoa mbegu zinazostahimili ugonjwa huo. Lakini mama mwenye watoto sita hana budi kuuliza: Unga wake utasongeka? Mizizi yake ni michungu? Ikishindwa, watoto watakula nini? Huo si ukaidi. Ni ulinzi wa chungu chake.

Basi askari arudipo nyumbani likizoni na mbegu mpya, simu ya kutumia pesa, au habari za kompyuta iwezayo kufanya kazi ya karani, asitoe amri kama yuko gwarideni. Na aketi na mkewe na wazee, asikilize hofu zao, kisha apande mistari miwili pembezoni mwa shamba, aache ile ya zamani mahali pake. Mavuno yatasema.

Profesa Juma alifariki dunia tarehe 15 Desemba 2017. Chakula ambacho baba yake alikipigania kingali kikianikwa uani, na watoto wanaokila hawajui kwamba kiliwahi kukataliwa.