Njia ya Mwongo Ilivyopimwa: Karen Wynn Fonstad na Ramani za Nchi Zisizokuwapo

Wahenga walisema kuwa njia ya mwongo ni fupi. Ikiwa kauli hiyo ni ya kweli, basi mtunzi wa riwaya ya fantasia yumo hatarini kila anapomtoa mhusika wake nyumbani. Njia anayompitisha haipo duniani, na atakayeifuata kwa rula na dira huenda akaufikia mwisho wake upesi. Mmoja wa waliojitwika kazi hiyo ya kufuata na kupima ni Karen Wynn Fonstad, mchoraji ramani wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1945 na kufariki mwaka 2005. Maisha yake yana funzo kwa mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili, ambaye aghalabu huipa mandhari aya moja tu katika uhakiki wake, kisha akakimbilia maudhui na wahusika.

Fonstad alisomea jiografia hadi shahada ya uzamili katika Chuo Kikuu cha Oklahoma, akabobea katika uchoraji wa ramani, na baadaye akafundisha katika Chuo Kikuu cha Wisconsin kilichoko Oshkosh. Mwaka 1981 alichapisha The Atlas of Middle-earth, atlasi ya ulimwengu uliobuniwa na J.R.R. Tolkien. Toleo lililorekebishwa lilitoka mwaka 1991. Kati ya matoleo hayo mawili alichora pia atlasi za ulimwengu wa Pern wa Anne McCaffrey (1984), nchi ya Stephen R. Donaldson (1985), Dragonlance (1987) na Forgotten Realms (1990). Ramani hizo alizichora kwa mkono, kwa kalamu na wino.

Ikumbukwe kwamba ramani za Middle-earth zilikuwapo kabla yake. Christopher, mwanawe Tolkien, ndiye aliyechora zile zilizochapishwa pamoja na The Lord of the Rings mwaka 1954 na 1955. Je, Fonstad aliongeza nini? Jibu ni kwamba aliisoma matini jinsi mpima ardhi anavyosoma shamba. Safari ya Frodo huanza Septemba 23 na kufikia kilele chake Machi 25. Fonstad aliifuata siku baada ya siku, akitafuta wasafiri walipolala na maili walizokwenda kabla ya jua kuchwa. Alichora viwanja vya vita, mapango na nyumba za wageni. Alichora pia maumbo ya ardhi, hali ya hewa, uoto, makazi ya watu na hata mtawanyiko wa lugha. Nyuma ya mistari hiyo mlikuwa na sentensi za mtunzi, na sentensi mbili zilipokinzana, ilimlazimu apime na aamue ipi ya kuaminiwa. Kazi ya namna hiyo, hata ikiitwa jiografia, ni uhakiki wa fasihi.

Wapo watakaopinga. Watasema kuwa ramani huifunga kazi bunilifu, kwamba msomaji aliyekwisha kuonyeshwa mlima hana tena haja ya kuuwazia. Fauka ya hayo, watauliza, kuna faida gani kuchora nchi ambayo mtunzi wake hakukusudia ichorwe? Hoja hiyo ina uzito, na njia bora ya kuijibu ni kuijaribia kazi iliyo karibu zaidi na msomaji wa Kiswahili.

Chukua Kusadikika ya Shaaban Robert, iliyochapishwa mwaka 1951. Nchi hiyo iko angani. Wajumbe wake sita walitumwa mashariki, kaskazini, magharibi, kusini, mbinguni na ardhini, na waliporudi na mema waliyoyaona, malipo yao yalikuwa kifungo. Mwanafunzi atakayejaribu kuichora atakwama mapema: karatasi ina pande nne, ilhali Kusadikika ina pande sita. Lakini kukwama huko si hasara. Kunamlazimisha kuuliza swali ambalo muhtasari wa maudhui haumfikishi: kwa nini mtunzi aliyeishi chini ya utawala wa kikoloni alibuni nchi ambayo raia wake hawana ardhi chini yao, na ambayo hata ardhi yenyewe ni ugenini wa kutumiwa mjumbe? Inafaa kukumbuka pia kwamba Shaaban Robert mwenyewe alikuja kufanya kazi katika ofisi ya upimaji huko Tanga katika miaka ya 1950. Hakuwa mtu mgeni kwa mipaka na vipimo.

Kwa hivyo, ramani haikusudiwi kuchukua mahali pa matini. Ni chombo cha kuitahini. Pale inapokubali kuchorwa, humwonyesha msomaji uthabiti wa mtunzi, na pale inapokataa, humwonyesha penye siri.

Urithi wa Fonstad haumo katika atlasi zake tano pekee, bali katika heshima aliyoipa sentensi ya mtunzi. Idara za Kiswahili zingefanya vyema kubisha hodi katika idara za jiografia, na mhadhiri anayefundisha riwaya angeweza, kwa muhula mmoja tu, kuwataka wanafunzi wawasilishe ramani kabla ya tasnifu. Wengi wangegundua kwamba walikuwa wameisoma safari nzima bila kujua mhusika alielekea upande gani.