TAHARIRI: Kabla ya kununua kitabu cha Kiayalandi, jua ni cha lahaja gani

Kijana, umeamua kujifunza Kiayalandi? Hongera, lakini usiparamie kitabu kwa sababu tu ni cha bei poa. Lugha hii ina lahaja kuu tatu: ya Munster, Connacht na Ulster. Hata kujuliana hali hutofautiana. Munster watakuuliza “Conas atá tú?”, Ulster “Cad é mar atá tú?”

Vitabu vingi hufuata Kiayalandi sanifu, kinachofaa kuandikia. “Learning Irish” cha Mícheál Ó Siadhail hufunza lahaja ya Cois Fharraige, Connacht. Ni kama Kimvita na Kiswahili sanifu: ukivichanganya mapema, utayumba.

Basi amua kwanza unataka kuongea na nani. Kisha hakikisha kitabu kina majibu ya mazoezi na sauti za kusikiliza. La sivyo, utakariri sarufi na salamu ikushinde.